Aliyewageuza wawindaji wa nyoka kuwa waokoaji wa maisha

WAHENGA walisema kwamba aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka. Katika vijiji vingi, hofu hiyo haingoji mtu aumwe kwanza. Nyoka akionekana uani, wanaume hukimbilia fimbo na mapanga, akina mama huwaita watoto ndani, na kazi huwa haijaisha hadi mnyama huyo apondwe kichwa.

Ni nadra mtu kuuliza kama nyoka huyo alikuwa na sumu au la. Ni nadra zaidi kuuliza kama kumuua kumepunguza hata kidogo uwezekano wa mtoto wa boma hilo kuumwa kesho.

Maswali hayo mawili ndiyo yaliyomshughulisha kwa zaidi ya nusu karne Bw Romulus Whitaker, mtaalamu wa wanyama watambaao ambaye kazi yake kusini mwa India imewafundisha wengi kuwatazama nyoka kwa jicho jingine. Funzo la kazi hiyo ni rahisi kulisema, ingawa ni gumu kulitekeleza: anayetaka kuwaokoa watu hana budi kuwafahamu nyoka, na anayetaka kuwaokoa nyoka hana budi kuwajali watu wanaoishi nao.

Funzo hilo lina uzito kwa Kenya pia, kwa sababu ambazo zitabainika baadaye.

Safari ya kutoka New York

Bw Whitaker alizaliwa mjini New York, Marekani, mwaka wa 1943. Alihamia India mwaka wa 1951 pamoja na mama yake, aliyekuwa ameolewa na Mhindi. Alisomea shule ya bweni katika mji wa Kodaikanal, ulioko milimani katika jimbo la Tamil Nadu, na inajulikana wazi kwamba misitu ya huko ilimvutia kuliko vitabu vya darasani.

Katikati ya miaka ya 1960 alirejea Marekani na kupata kazi Miami, jimbo la Florida, katika kituo cha Bw Bill Haast. Huyu alikuwa maarufu kwa kukamua sumu ya nyoka kwa mikono mitupu mbele ya watazamaji. Bw Haast aliumwa na nyoka wenye sumu zaidi ya mara 170 maishani mwake, na hata hivyo aliishi hadi umri wa miaka 100. Alifariki mwaka wa 2011.

Kituoni humo kijana Whitaker alijionea mambo mawili ambayo yangeongoza maisha yake. La kwanza ni kwamba sumu ya nyoka ina thamani, kwani bila hiyo hakuna dawa ya kumtibu aliyeumwa. La pili ni kwamba mtu anayemwogopa nyoka, akionyeshwa mnyama huyo na mjuzi, hofu yake huanza kugeuka kuwa udadisi.

Baada ya kutumikia jeshi la Marekani kwa muda, alirudi India mwaka wa 1967. Muda mfupi baadaye alianzisha bustani ya nyoka karibu na Madras, jiji ambalo sasa huitwa Chennai. Mwaka wa 1972 bustani hiyo ilihamia mtaa wa Guindy, katikati ya jiji, na watu wakaanza kumiminika kuwatazama wanyama ambao awali waliwaona tu wakiwa wamekufa au wakiwa ndani ya vikapu vya wacheza nyoka.

Wajuzi waliosahauliwa

Hata hivyo, mwalimu mkuu wa Bw Whitaker nchini India hakuwa profesa wa chuo kikuu. Alijifunza mengi kutoka kwa Wairula, jamii ya wawindaji na wachumaji wa matunda na mizizi, ambayo ni miongoni mwa jamii maskini zaidi katika jimbo hilo.

Mwirula huweza kutazama vumbi kando ya tuta la mpunga na kueleza ni nyoka gani aliyepita, alielekea wapi na kama bado yumo shimoni. Husoma ukingo wa shimo, gamba lililoambuliwa na kinyesi kilichokauka jinsi mtu mwingine asomavyo gazeti. Wanaume kwa wanawake huifanya kazi hiyo wakiwa na mtaimbo tu wa kuchimbia, na elimu hiyo hupokezanwa kutoka kwa mzazi hadi kwa mtoto bila kuandikwa popote.

Kwa miaka mingi, ujuzi huo ulikuwa na mnunuzi mmoja mkubwa: wafanyabiashara wa ngozi. Viwanda vilivyokuwa Madras na miji mingine vilitengeneza ngozi za nyoka na kuziuza ng'ambo, ambako zilishonwa viatu, mikoba na mikanda. Mamilioni ya nyoka waliuawa kila mwaka. Waliotajirika walikuwa wenye viwanda. Mwirula alilipwa kiasi kidogo tu kwa kila ngozi.

Mwaka wa 1972 Bunge la India lilipitisha sheria ya kuwalinda wanyamapori, na kufikia 1976 biashara ya kuuza ngozi za nyoka katika nchi za nje ilikuwa imepigwa marufuku. Watetezi wa mazingira, Bw Whitaker akiwa miongoni mwao, walikuwa wameipigania hatua hiyo.

Ushindi huo ulikuwa na upande wa pili wenye uchungu. Sheria iliyowaokoa nyoka iliwanyang'anya Wairula riziki. Watu ambao jana walikuwa mafundi wa kazi yao sasa wangeweza kukamatwa kama wahalifu kwa kazi ile ile, na hawakuwa na shamba wala shahada ya kuwatafutia kazi nyingine. Mtu mwenye watoto wenye njaa na mnunuzi wa magendo mlangoni hawezi kuzuiwa na sheria pekee.

Sumu badala ya ngozi

Jibu lilipatikana mwaka wa 1978, Bw Whitaker alipowasaidia Wairula kusajili chama cha ushirika cha wakamata nyoka. Makao ya chama hicho yamo ndani ya hifadhi ya mamba ambayo Bw Whitaker na mkewe wa wakati huo, Bi Zai Whitaker, walikuwa wameianzisha mwaka wa 1976 katika pwani iliyo kusini mwa jiji.

Mpango wenyewe ulikuwa huu. Badala ya kumuua nyoka na kumchuna, mwanachama humkamata akiwa hai, kwa kibali cha idara ya misitu. Hupokelewa chamani, huandikwa kitabuni na kutiwa ndani ya chungu cha udongo kinachofunikwa kwa kitambaa.

Nyoka huyo hukaa hapo kwa takriban majuma matatu hadi manne. Mara moja kwa juma hutolewa na kuumishwa kwenye utando uliowambwa juu ya gilasi, na sumu ikadondoka humo. Baada ya kukamuliwa mara nne, hutiwa alama kwenye magamba ya tumboni ili akikamatwa tena mapema ajulikane, kisha hurejeshwa mwituni.

Sumu hiyo hukaushwa ikawa unga na kuuzwa kwa kampuni zinazotengeneza dawa. Mwanachama hulipwa kwa kila nyoka aliyemleta, na faida ya chama hugawanywa. Kwa miaka mingi, sehemu kubwa ya sumu inayotumika kutengenezea dawa ya nyoka nchini India imetoka katika vyungu hivyo.

Hesabu yake si ngumu. Nyoka aliyechunwa aliuzwa mara moja, akaisha. Nyoka anayekamuliwa hutoa sumu mara nne, kisha hurudi shambani kula panya na kuzaa wengine. Panya si jambo dogo kwa mkulima wa mpunga, kwa maana huila mimea ingali shambani na kuifuata nafaka hadi ghalani.

Dawa inavyotengenezwa

Ili kuelewa kwa nini kazi ya Wairula ni muhimu hivyo, ni sharti kufahamu jinsi dawa hiyo inavyopatikana.

Sumu hudungwa kwenye mwili wa farasi kwa viwango vidogo sana ambavyo huongezwa polepole kwa kipindi cha wiki au miezi. Farasi hadhuriki, lakini mwili wake huitambua sumu hiyo kama adui na kutengeneza kinga ya kupambana nayo. Baadaye damu yake hutolewa kiasi, na ile sehemu yenye kinga hutengwa, ikasafishwa na kutiwa chupani.

Mgonjwa anapodungwa dawa hiyo, kinga iliyotoka kwa farasi huikamata sumu iliyomo mwilini na kuizima. Ndiyo maana dawa ya nyoka haiwezi kutengenezwa kutokana na mizizi wala kemikali za kawaida. Chanzo chake ni sumu halisi ya nyoka halisi. Nyoka wakiisha, dawa nayo haipo.

Nchini India dawa hutengenezwa dhidi ya nyoka wanne wanaosababisha vifo vingi. Wa kwanza ni swila mwenye alama ya miwani shingoni, ambaye pia ndiye nyoka wa wacheza nyoka. Wa pili ni kraiti, nyoka mweusi mwenye pete nyembamba nyeupe, anayewinda usiku na kuwauma watu waliolala sakafuni. Meno yake ni madogo kiasi kwamba aliyeumwa huenda hata asiamke, na kufikia alfajiri misuli ya kupumulia imelemaa.

Wa tatu ni nyoka aina ya Russell, mnene na mwenye madoa kama ya mnyororo mgongoni. Hukaa mashambani, na sumu yake huvuruga damu isigande na kuharibu figo. Wa nne ni mdogo, asiyezidi urefu wa mkono, ambaye magamba yake hukwaruzana kwa sauti ya msumeno anapoghadhibika.

Vifo visivyohesabiwa

Kwa muda mrefu India haikujua ukubwa wa tatizo lake. Takwimu zilizotoka hospitalini zilionyesha vifo vya watu elfu moja au mbili hivi kwa mwaka. Waliofanya kazi mashinani walijua kwamba hesabu hiyo haikuwa na maana, kwa kuwa wengi walifia nyumbani, njiani au kwa mganga, na hakuna daftari lililowaandika.

Watafiti waliamua kubisha hodi mlangoni. Walitembelea familia kote nchini, wakauliza ni nani aliyefariki na kwa dalili zipi, kisha madaktari wakayapima majibu hayo. Utafiti uliochapishwa mwaka wa 2020, ambao Bw Whitaker alikuwa mmoja wa waandishi wake, ulikadiria kwamba watu milioni 1.2 walikufa kwa kuumwa na nyoka nchini India kati ya 2000 na 2019.

Hiyo ni wastani wa watu 58,000 kila mwaka. Takriban robo yao walikuwa watoto wasiotimiza umri wa miaka 15. Vifo vingi vilitokea vijijini, na nusu yavyo kati ya mwezi wa Juni na Septemba, mvua inaponyesha na watu wakiwa mashambani.

Takwimu hizo zilibadilisha mjadala. Haikuwa tena habari ya ajali za hapa na pale, bali maradhi ya maskini, ya mtu anayelima bila viatu na kulala chini.

Elimu kabla ya dawa

Tokeo moja la hesabu hiyo lilikuwa kuthibitisha jambo ambalo Bw Whitaker amelisisitiza tangu enzi za bustani ya Guindy: kwamba vifo vingi vinaweza kuzuiwa kabla ya mgonjwa kufikia hatua ya kuhitaji dawa.

Kwanza, wananchi walipaswa kuondolewa imani potovu. Wapo Wahindi wengi wanaoamini kwamba nyoka hunywa maziwa, na katika sikukuu moja ya kidini swila humwagiwa maziwa na waumini. Ukweli ni kwamba nyoka si mnyama wa kunywa maziwa. Yule anayeyanywa mbele ya watu mara nyingi huwa amenyimwa maji kwa siku nyingi. Wengine huamini kwamba nyoka akiuawa, mwenzake humfuata muuaji ili kulipiza kisasi. Nyoka hana kumbukumbu ya aina hiyo, wala hana ndoa ya kulipizia kisasi.

Pili, walipaswa kufundishwa kuwatofautisha nyoka. Mwaka wa 2004 Bw Whitaker na mwenzake, Bw Ashok Captain, walichapisha kitabu cha picha na maelezo cha kuwatambua nyoka wa India. Filamu yake kuhusu mfalme wa swila, nyoka mwenye sumu aliye mrefu kuliko wote duniani, ilipata tuzo ya Emmy mwaka wa 1998. Mwaka wa 2005 alianzisha kituo cha utafiti katika msitu wa Agumbe, jimbo la Karnataka, ambako nyoka hao wametiwa vifaa vya redio mwilini ili watafiti wajue wanakokwenda.

Tatu, na labda muhimu zaidi, ni ushauri mdogo mdogo usiogharimu pesa nyingi. Tembea na tochi usiku. Vaa viatu vinavyofunika kifundo unapoingia shambani. Lala kitandani badala ya sakafuni, au walau chini ya chandarua kilichochomekwa vizuri kandokando ya mkeka. Usirundike kuni na mawe karibu na ukuta. Ondoa mabaki ya chakula na nafaka zilizomwagika, kwani panya hufuata nafaka na nyoka hufuata panya.

Ushauri huu hauna mbwembwe. Lakini ndio unaojibu lile swali la mtoto wa boma. Ukiua nyoka mmoja na kuacha panya ghalani, mwingine atakuja. Isitoshe, watu wengi huumwa wanapojaribu kumuua au kumshika nyoka ambaye, akiachwa, angejiendea zake.

Mapungufu ya mpango

Haitakuwa haki kuuonyesha mpango wa Wairula kana kwamba hauna dosari. Idadi ya nyoka wanaoruhusiwa kukamatwa huamuliwa na serikali, na kibali kinapochelewa, wanachama hukosa mapato na kampuni hukosa malighafi.

Dosari kubwa zaidi iko katika sumu yenyewe. Wanasayansi wamebaini kwamba sumu ya nyoka wa aina moja hutofautiana kutoka eneo moja hadi jingine. Swila wa Tamil Nadu na swila wa majimbo ya kaskazini au magharibi wanaweza kufanana kwa sura ilhali sumu zao zinatofautiana. Dawa iliyotengenezwa kwa sumu ya eneo moja huenda ikafanya kazi hafifu kwingine, na mgonjwa akahitaji chupa nyingi zaidi. Tena wapo nyoka wengine wenye sumu, nje ya wale wanne, ambao dawa hiyo haiwafai kabisa.

Kwa sababu hiyo wataalamu wa India, Bw Whitaker akiwemo, wamekuwa wakishinikiza sumu ikusanywe katika maeneo mbalimbali ya nchi.

Yanayoihusu Kenya

Hapa ndipo habari za Tamil Nadu zinapobisha hodi Kenya. Ikiwa swila wa India kusini na wa India kaskazini hawatibiwi sawasawa, je, dawa iliyotengenezwa India itamfaa vipi mtu aliyeumwa na koboko Ukambani au kifutu huko Baringo?

Swali hilo si la kubuni. Afrika imekuwa ikitegemea dawa kutoka nje kwa miaka mingi, zikiwemo zile za kampuni za India zinazouza dawa zenye maandishi ya kuonyesha kwamba ni za Afrika. Nchini Ghana, hospitali moja ya mashambani ilipobadilisha dawa iliyokuwa ikitumia na kuanza kutumia nyingine iliyotengenezwa India, vifo viliongezeka kutoka wagonjwa chini ya wawili kati ya kila 100 hadi 12. Matokeo hayo yalichapishwa mwaka wa 2008.

Mnamo 2014 kampuni ya Sanofi ya Ufaransa iliacha kutengeneza mojawapo ya dawa zilizoaminika zaidi barani, na shehena ya mwisho ilipitwa na wakati mwaka wa 2016. Mwaka wa 2017, utafiti wa maabara kuhusu dawa zilizokuwa zikiuzwa Afrika Mashariki ulionyesha kwamba baadhi yazo zilikuwa hafifu mno dhidi ya sumu za nyoka wa eneo hili.

Mwaka huo huo Shirika la Afya Duniani (WHO) liliorodhesha kuumwa na nyoka miongoni mwa maradhi ya maeneo ya joto yaliyopuuzwa. Shirika hilo hukadiria kwamba kati ya watu 81,000 na 138,000 hufa duniani kila mwaka kwa sababu hiyo, na wengine takriban mara tatu ya idadi hiyo hukatwa viungo au kubaki na ulemavu. Mwaka wa 2019 lilitangaza lengo la kupunguza vifo na ulemavu huo kwa nusu ifikapo 2030.

Kenya haijakosa watu wa kuifanya kazi hiyo. Bustani ya nyoka ya Nairobi, iliyo kwenye makavazi ya kitaifa, ilifunguliwa mwaka wa 1961. Marehemu James Ashe, aliyewahi kufanya kazi katika bustani hiyo, alianzisha pamoja na mkewe, Bi Sanda Ashe, kituo cha nyoka cha Bio-Ken mjini Watamu mwaka wa 1980. Kituo hicho hufundisha umma, hushauri kuhusu matibabu na huitikia wito wa kuondoa nyoka walioingia nyumbani. Nao watafiti wa taasisi ya utafiti wa nyani iliyoko Karen, Nairobi, wakishirikiana na wenzao wa chuo cha tiba cha Liverpool, Uingereza, wameanzisha kituo cha kuchunguza sumu na dawa.

Kisa kimoja cha Watamu kinaonyesha jinsi kazi iliyosalia ilivyo kubwa. Kwa miaka mingi Bw Ashe alishuku kwamba swila mkubwa wa rangi ya kahawia anayetema sumu, ambaye hupatikana pwani na katika maeneo kame ya nchi, hakuwa wa aina ile aliyodhaniwa kuwa. Alifariki mwaka wa 2004. Ni mwaka wa 2007 tu ambapo wanasayansi walithibitisha kwamba nyoka huyo ni wa aina yake pekee, wakampa jina la Bw Ashe.

Kwa maneno mengine, swila anayetema sumu aliye mkubwa kuliko wote duniani alikuwa akiishi kando ya nyumba za Wakenya bila jina lake kuandikwa kitabuni. Ikiwa jina lake lilichelewa hivyo, haishangazi kwamba dawa ya kumkabili haikuwa imefikiriwa.

Mtu aumwapo

Kenya ina zaidi ya aina 120 za nyoka, na wengi wao hawawezi kumdhuru binadamu. Miongoni mwa wachache walio hatari, kifutu, ambaye pia huitwa moma, ndiye wa kuangaliwa zaidi. Ni mnene, mzito, na hutegemea rangi yake kujificha. Hakimbii mtu anapokaribia, kwa hivyo hukanyagwa. Sumu yake huvimbisha na kuozesha nyama. Swila hutema sumu machoni na huuma, hasa usiku. Koboko ni mrefu na mwepesi. Sumu yake hushambulia neva na huweza kuzuia pumzi katika muda mfupi.

Mtu akiumwa, jambo la kwanza ni kumwondoa mbali na nyoka na kumtuliza. Pete, bangili na viatu vivuliwe kabla ya uvimbe kuanza. Kiungo kilichoumwa kifungwe kwa gango ili kisitikisike, jinsi mfupa uliovunjika unavyofungwa, na mgonjwa abebwe badala ya kutembea. Kisha afikishwe hospitali bila kuchelewa.

Kuna mambo ya kuepukwa kabisa. Usichanje jeraha kwa wembe. Usifyonze sumu kwa mdomo. Usikaze kamba juu ya jeraha, kwani watu wamepoteza miguu kwa sababu ya kamba wala si kwa sababu ya nyoka. Jiwe jeusi linalobandikwa kwenye jeraha halinyonyi sumu. Linaloibwa ni wakati wa mgonjwa. Wanaodai kuponywa nalo aghalabu waliumwa na nyoka asiye na sumu, au na mwenye sumu ambaye hakuitoa.

Swila akitema sumu machoni, macho yasafishwe papo hapo kwa maji mengi safi kwa muda wa dakika 15 au zaidi, kisha mgonjwa apelekwe kwa daktari. Asiyasugue.

Aidha, si lazima kumpeleka nyoka hospitalini. Daktari huongozwa na dalili za mgonjwa, na anayemfukuza nyoka vichakani huweza kumletea daktari mgonjwa wa pili. Picha ya simu iliyopigwa kutoka mbali inatosha.

Heshima iliyochelewa

Mwaka wa 2018 serikali ya India ilimtunuku Bw Whitaker nishani ya Padma Shri, ambayo ni miongoni mwa nishani za juu zaidi wanazopewa raia wa nchi hiyo. Wengi walikubali kwamba aliistahili.

Lakini huenda nishani zilizosema mengi zaidi ni zile mbili zilizotolewa mwaka wa 2023. Walizipokea Bw Masi Sadaiyan na Bw Vadivel Gopal, Wairula wawili ambao elimu yao ni ile waliyorithi kwa wazazi. Wawili hao walikuwa wamealikwa Florida mwaka wa 2017, Bw Sadaiyan na Bw Gopal wakasaidia kuwatafuta chatu wa kutoka Asia waliovamia vinamasi vya jimbo hilo na kuwamaliza wanyama wa huko. Kwa muda usiozidi miezi miwili waliwapata zaidi ya 20, katika nyika ambayo hawakuwa wameikanyaga kabla ya hapo.

Miaka 40 hivi kabla ya safari hiyo, sheria ilikuwa imeitaja kazi ya watu kama hao kuwa ujangili. Ujuzi wao haukubadilika katika muda huo. Kilichobadilika ni kwamba alipatikana mtu aliyeketi nao, akawauliza wanachokijua, na akahakikisha kwamba wanalipwa kwa kukihifadhi.